Uongo wa Chumba cha Nne

Kazini walimwita Redio, naye hakuona ubaya. Ukimwasha saa tatu asubuhi, anaongea mpaka jumba lifungwe, hata kama chumbani kuna mgeni mmoja tu na mgeni mwenyewe ameingia kutafuta choo. Mtu mfupi, kitambi cha heshima, viatu vinang'aa kuliko baadhi ya picha za pale ukutani. Miaka tisa alikata tiketi mlangoni mwa jumba hilo la makumbusho ya sanaa, akiwasikiliza waongoza wageni wakipita na makundi yao, na kila jioni anafika nyumbani kumsimulia mkewe yale waliyokosea. Mkewe ni fundi cherehani, mdomo wake umebana pini muda wote, kwa hiyo si mwepesi wa kujibu. Siku moja akazitoa pini mdomoni akamwambia, "Si uende ukawaambie wenyewe? Mimi nina mikono ya mashati hapa." Akaenda, akawaambia. Wakampa koti lenye beji ya mwongoza wageni na kumtoa mlangoni.

Alifurahi siku ile! Alijiona kama mtu aliyefunguliwa. Mwacheni afurahi, maana furaha yenyewe haikudumu.

Aliyeleta mambo ya mvinyo ni Mkurugenzi. Mama huyu alikwenda kwenye mkutano nje ya nchi akarudi na wazo, na akirudi na wazo hakuna wa kumzuia, labda mvua. Kila Ijumaa saa kumi alasiri: vyumba vitano, picha tano, mvinyo wa Kifaransa aina tano. Chumba cha kwanza kina picha ya mto wenye ukungu, hapo unakunywa mvinyo mweupe wa Burgundi, wa baridi. Cha pili kina jaji mnono aliyevaa manyoya, huyo anakunywewa Shampeni. Cha tatu kina kapu la matunda, na mvinyo wa rangi ya waridi. Cha nne kina mwanamke aliyesimama dirishani, glasi mkononi, na pale ni Bordo nyekundu. Cha tano kina mbwa mzee aliyelala, unapewa mvinyo mtamu wa kumalizia, unakwenda zako umechangamka. Sheria zilikuwa chache na kali. Glasi inashikwa kwa mkono wa kushoto. Mkanda mwekundu uliobandikwa sakafuni, hatua tatu kutoka ukutani, hauvukwi. Asiyetaka kumeza ateme kwenye ndoo ya bati, si kwenye chungu cha maua.

Picha anaeleza Redio. Mvinyo ni wa mwenzake waliyemwita Kizibo. Kizibo alikuwa mhudumu wa hoteli kwa miaka thelathini, mrefu, mkimya, anayatoa maneno kama vile yanakatwa kwenye posho yake. "Mkavu," anasema. "Mwepesi. Haya, onjeni." Kwisha. Kwa hiyo kukawa na utaratibu, aliouweka Mkurugenzi mwenyewe: mwongozaji hanyamazi mpaka glasi ya mwisho ijae. Wageni wasisimame kimya wakitazamana kama watu waliokuja kuchukua majibu hospitali. Redio aliupenda sana utaratibu huo. Nani mwingine angeupenda?

Basi, Ijumaa ya kwanza kabisa, miaka kumi na mmoja iliyopita, wageni kumi na wawili, watu wazito, saa na mikufu. Vyumba vitatu vikaenda vizuri. Wakafika cha nne. Kadi iliyo chini ya picha ile ina mistari mitatu: Mwanamke Dirishani. Rangi za mafuta. Mchoraji hajulikani. Redio akaisema yote mitatu. Akasifu mwanga, akasifu pazia, akasifu fremu. Akageuka kumtazama Kizibo aone kama tayari, akamkuta ameipakata chupa magotini, jasho linamtiririka. Kizibo cha chupa kilikuwa kimekatikia katikati, nusu imebaki ndani, na yule bwana anakichokoa kama mtu anayetoa mwiba. Redio akasifu dirisha. Akasifu tena pazia. Mama mmoja mwenye miwani akauliza, "Lakini huyu mwanamke ni nani?"

Hapo mtu mwenye akili zake angesema sijui. Neno fupi, halimwumizi mtu. Redio akasema, "Ni mke wa mchoraji."

Alipokwisha kusema hilo, mengine yakafuata yenyewe. Mchoraji alikuwa anasafiri kesho yake. Akammiminia mkewe glasi ya mvinyo, akamwambia, usiinywe mpaka nirudi, tutaimaliza pamoja. Akamchora hivyo, akaondoka, hakurudi. Mke akasimama dirishani kila siku na glasi yake mpaka mvinyo ukageuka siki. Na jina la mchoraji halimo kwenye picha kwa sababu mke alilifuta kwa kidole siku alipochoka kungoja. Hilo la kidole, jamani, hata Redio mwenyewe lilimshtua. Yule mama mwenye miwani akaivua akafuta macho. Chupa ikafunguka, Bordo ikamiminwa, watu wakanywa kimya kabisa, na mmoja akasema hajawahi kuonja mvinyo kama ule maishani mwake. Ulikuwa mvinyo wa kawaida tu, Kizibo anajua.

Mkurugenzi alikuwa amesimama mlangoni. Wageni walipotoka akamshika Redio mkono. "Umeitoa wapi hadithi hiyo?"

"Kwenye mafaili, mama."

"Hebu niletee hilo faili."

"Lilikuwa kwenye yale yaliyolowa, mama. Bomba lilipopasuka stoo."

Bomba kweli lilipasuka, na mafaili kweli yalilowa. Ndiyo maana Mkurugenzi aliamini. Uongo wa kwanza ulikuwa umezaa mapacha, na hata saa kumi na mbili haijafika.

Tangu hapo hakuna aliyemwachia. Hadithi ikachapwa kwenye kijitabu, na mwanamke wa dirishani akawekwa kwenye jalada. Kila Ijumaa, mara zaidi ya mia tano, Redio alisimama mahali palepale na kusema maneno yaleyale, na kadiri miaka ilivyokwenda yalizidi kulainika, mpaka akawa anajua apumue wapi na ashushe sauti wapi. Alijaribu kufupisha. Wageni waliokuja mara ya pili wakamkumbusha: "Na kidole je? Hujasema kidole." Alijaribu kuumwa. Mkurugenzi akatuma gari nyumbani. Kila Alhamisi jioni chakula kilikuwa hakiliki, na mkewe, aliyekuwa anajua mambo yote, alimtazama akitikisa kichwa. "Mtu mzima unajifungia mlango na ufunguo unao mwenyewe mfukoni," alimwambia. Rahisi kusema.

Mwaka uliopita aliandika barua kuomba apelekwe stoo, kufuta vumbi kwenye fremu. Stoo hakuna mgeni, hakuna maswali, kuna taa moja na kiti. Mkurugenzi aliisoma akacheka kwa furaha. "Stoo? Wewe? Watu hawaji hapa kuona picha, wanakuja kukusikia. Umebakiza miaka mitatu, na utastaafia chumba cha nne." Alidhani anamsifu. Redio alitoka ofisini mle kama mtu aliyesomewa hukumu.

Na yote hayo angeyavumilia. Watu wanavumilia zaidi ya hapo. Lakini Jumanne moja asubuhi, jumba likiwa tupu, akaingia mama mmoja wa miaka kama sabini, sweta la kijivu, mkoba umebanwa kwapani. Hakutazama mto, hakutazama jaji. Akapita moja kwa moja mpaka chumba cha nne, akasimama nje ya mkanda mwekundu, akaitazama picha kama mtu anayetazama nyumba aliyowahi kupanga.

"Wewe ndiye unayesema siku za Ijumaa?" akauliza.

"Ndimi, mama. Shikamoo."

"Marahaba." Akauvuta mkono wa sweta mpaka kwenye kiwiko. Juu kidogo ya kifundo cha mkono kulikuwa na kovu la zamani, la pembetatu, limechongoka upande mmoja. Redio akaliangalia. Akageuka akaangalia picha, mkono ule ulioshika glasi, mahali pana doa la kahawia ambalo yeye huwaambia wageni ni tone la mvinyo.

"Pasi," mama akasema. "Nilikuwa mfanyakazi wa dobi, nina miaka ishirini na mitatu. Ng'ambo ya barabara kulikuwa na shule ya uchoraji. Mwalimu wao, mwanamke, alikuja kuomba msichana wa kusimama wamchore. Nikaenda, jioni nne. Gauni hilo ni la mwalimu. Kwenye glasi ni chai ya rangi, imepoa."

"Na huyo mchoraji..."

"Nitamjuaje? Walikuwa kumi na wawili, kila mmoja yuko nyuma ya ubao wake."

"Lakini unavyoangalia pale dirishani," Redio akasema, na sauti yake ilikuwa karibu kuomba, "kama unamngoja mtu."

"Namwangalia tajiri wangu asije akanikuta sipo kazini."

Redio akakaa kwenye benchi la wageni, kitu ambacho wafanyakazi wamekatazwa. Mama naye akakaa. Akamweleza taratibu, bila kelele, na afadhali angepiga kelele. Wakati ule alikuwa mchumba wa mtu. Hakumwambia kwamba amesimama kuchorwa, maana mama mkwe wake alikuwa mkali, angesema msichana huyu ni wa kuonyeshwaonyeshwa. Akanyamaza, wakaoana, akasahau. Miaka arobaini na sita, watoto wanne. Miaka miwili iliyopita mumewe alikwenda kunyoa, akakikuta kijitabu cha makumbusho juu ya meza ya kinyozi. Akaliona kovu. Kovu la mke wake hawezi kulikosea. Akaja mwenyewe Ijumaa, bila kusema kitu nyumbani, akamsikiliza Redio kuanzia mwanzo hadi mwisho.

"Akarudi akaniuliza swali moja: ulikuwa mke wa mtu? Nikacheka. Basi, pale ndipo nilipokosea. Nilicheka kwa sababu lilinichekesha. Na alipogundua kwamba kweli nilichorwa na sikumwambia, kwisha. Tangu siku hiyo analala chumba cha mbele. Neno analoniambia ni 'chumvi', na 'funga mlango'. Nimemweleza mpaka koo limekauka. Ananiambia, yule bwana wa makumbusho ana mafaili."

Mafaili! Redio aliinamisha kichwa. Alitamani sakafu ile ya mbao ipasuke immeze na viatu vyake.

"Sasa amefunga sanduku," mama akasema. "Jumapili anahamia kwa mdogo wake, mbali, hatarudi. Namjua, hatarudi. Nimemwomba kitu kimoja tu, Ijumaa twende wote tukasikilize, amekubali. Mimi haniamini, baba. Wewe anakuamini. Sema mbele yake kwamba ulitunga."

"Nitasema, mama."

"Uniapie."

Akaapa. Alipoondoka yule mama, Redio alibaki pale akiwa na kitu kizito kifuani, lakini pia, mtu asiseme uongo tena katika hadithi hii, alisikia unafuu kidogo. Mlango umeonekana. Atatoka.

Jumatano akaingia kwa Mkurugenzi ukweli ukiwa mdomoni. Mkurugenzi hakumpa nafasi. Alikuwa amesimama mbele ya bango jipya, kubwa kama mlango, mwanamke wa dirishani kutoka kichwani mpaka miguuni, na chini yake maneno makubwa: Glasi Iliyongoja. "Maneno yako hayo!" akasema. "Ijumaa wanakuja wafadhili, tutalizindua. Limependeza?"

"Limependeza, mama," akasema Redio, akatoka kinyumenyume. Mwanaume mzima na kitambi chake.

Alhamisi jioni akafanya mazoezi mbele ya mkewe. Akasimama kati ya cherehani na kabati, akakohoa, akasema, "Picha hii... yaani, huyu mama... mimi niliwahi kusema kwamba... lakini ukweli, ukweli wenyewe ni kwamba sikuwa najua." Mkewe alikuwa ameacha kushona.

"Mbona unasema kama mwizi aliyeshikwa?"

"Ndiyo ukweli wenyewe!"

"Najua ndiyo ukweli. Nauliza kwa nini unasikika hivyo."

Akarudia mara sita. Kila akirudia, ukweli ulizidi kuwa mdogo. Msichana wa dobi alisimama, akachorwa, akaenda zake. Hauna mahali pa kushusha sauti. Mkewe akamkorogea uji, akamwambia, "Kesho sema tu. Ukishasema umesema." Akampigia pasi shati jeupe, na usiku ule hakumtania tena.

Ijumaa saa kumi. Wageni ishirini, wafadhili mbele, Mkurugenzi amevaa kilemba kipya. Nyuma kabisa mama wa sweta la kijivu, na pembeni yake mzee mrefu aliyenyooka kama fimbo, koti lake linanuka dawa ya nondo. Redio akaanza na mto. Kizibo akamimina. Mzee akafunika glasi yake kwa kiganja. Chumba cha pili, kiganja. Cha tatu, kiganja. Hakunywa tone. Macho yake hayakutoka kwa Redio, na hayakuwa macho ya hasira. Yalikuwa macho ya mwanafunzi mzuri, na hilo lilimuumiza Redio zaidi.

Chumba cha nne. Bango lilikuwa limefunikwa kitambaa, linasubiri. Watu wakajipanga nyuma ya mkanda mwekundu, glasi mkono wa kushoto. Redio akapiga moyo konde, akafungua mdomo, na mdomo wenyewe, laana ya miaka kumi na mmoja, ukaanza kazi yake bila kumwuliza: "Mwanamke huyu alikuwa mke wa mchoraji. Na kesho yake mchoraji alikuwa anasafiri..." Sauti tamu, inatiririka kama maji ya bomba. Akamwona mama wa sweta amefumba macho.

"Hapana," Redio akasema. "Samahani. Si hivyo."

Watu wakasubiri. Kizibo akaacha kumimina.

"Si... mimi niliitunga. Hadithi hii niliitunga mimi. Kizibo kilikuwa kimekatika, yaani, cha chupa, si huyu bwana..." Mtu akacheka. "Hakuna faili. Hakukuwa na... Huyu si mke wa mchoraji. Alikuwa anafanya kazi kwa dobi. Akasimama, wakamchora, ni... ilikuwa darasa. Chai ile ni... kwenye glasi ni chai." Jasho lilimwingia machoni. "Na mwenyewe yupo. Ni yule pale. Muulizeni."

Vichwa ishirini vikageuka. Mama akasogea mbele taratibu, akauvuta mkono wa sweta, akaonyesha kovu. "Ni mimi," akasema. "Sijawahi kuwa mke wa mtu mwingine. Ni huyu tu niliyekuja naye."

Halafu mfadhili mmoja, mtu wa tabasamu pana, akaweka glasi yake kwenye trei na kuanza kupiga makofi. Wenzake wakafuata. Chumba kizima kikalipuka makofi. "Safi sana, mchezo mzuri!" mtu akasema. "Nilidhani kweli amesahau!" Mkurugenzi, aliyekuwa amekunja uso, akawatazama wafadhili, uso ukakunjuka, naye akapiga makofi. Akakivuta kile kitambaa, bango likaonekana, makofi yakazidi.

"Si mchezo!" Redio akapaza sauti. "Jamani, si mchezo, nasema kweli!" Wakazidi kucheka, kwa upendo mkubwa kabisa. Ndipo alipoelewa kwamba mlango ule aliodhani ameuona ulichorwa ukutani.

Mzee hakupiga makofi. Alisubiri kelele zipungue, akasogea mpaka kwenye mkanda, akasimama hapo, maana ni mtu wa kufuata sheria.

"Ile ya kwanza," akasema, "umeisema kwa miaka mingapi?"

"Kumi na mmoja, mzee wangu. Lakini..."

"Nilipokuja kukusikiliza hukukwama. Hata mara moja. Leo umekwama kila neno." Hakuwa anamfokea. Alikuwa kama anamhurumia. Akamgeukia mkewe, na hilo likawa neno refu kuliko yote aliyomwambia kwa miaka miwili: "Umemwendea bwana wa watu kazini kwake ukamlazimisha aseme uongo mbele ya wakubwa zake. Mtazame anavyotetemeka." Akavua kofia kumuaga Redio, akaivaa, akatoka kwa mlango wa chumba cha tatu.

Mama hakumfuata. Kizibo akawapeleka wageni chumba cha tano, kwa mbwa, na kwa mara ya kwanza akaeleza picha yeye, sauti yake inasikika huko ikijikokota. Mkurugenzi akapita haraka, akamfinya Redio bega. "Umenikosesha pumzi! Ijumaa ijayo hivyohivyo, na mama huyu aje. Usiache kule kukwama." Akakimbilia wageni wake.

Wakabaki wawili kwenye benchi, chini ya picha. Redio alikuwa analia waziwazi, hakujificha. "Nisamehe, mama. Nimesema. Nilisema kweli tupu."

"Ulisema," mama akakubali. Akafungua mkoba, akatoa kitambaa, akampa. Akamngoja amalize kupenga kamasi. Kisha akasema, "Nifundishe."

"Nikufundishe nini, mama?"

"Kusema. Unavyosema wewe. Mimi nikieleza anasikia matundu. Nina leo na kesho. Jumapili asubuhi sanduku linatoka." Akaweka mkoba chini, akakaa vizuri, mikono magotini. "Nifundishe niiseme vizuri."

Redio akamtazama. Alitaka kukataa, Mungu anajua alitaka. Lakini alijua namna, na hakuna mwingine pale aliyejua. Akajipangusa uso, akasema, "Basi usianze na dobi. Anza na mwalimu anavyoingia mlangoni."

"Mwalimu aliingia," mama akasema. "Akasema anataka msichana wa kuchorwa."

"Polepole. Alikuwa na sauti gani?"

"Sikumbuki."

"Alivaa nini?"

"Sikumbuki, baba. Ni miaka arobaini na sita."

Kutoka chumba cha tano ilisikika milio ya glasi zikigongana. Redio akatazama sakafu, akautazama mkanda mwekundu uliochakaa mahali anaposimama kila wiki.

"Weka yoyote," akasema.

Mama akaitazama picha. Midomo yake ilikuwa inacheza kidogo, kama anajaribu kitu bila kukitoa.

"Kali," akasema mwishoni. "Tuseme ilikuwa sauti kali."